Mzee wa Korti na Kesi Iliyotoka Kitale

Mzee wa Korti alikuwa akivua viatu kabla ya kusikiliza kesi ya ndoa. Kesi za mipaka ya mashamba, za mbuzi walioibwa, za watu waliopigana kwenye pombe, hizo alizisikiliza amevaa viatu vyake vyeusi vilivyopasuka ubavuni. Lakini mume na mke wakisimama mbele yake, aliinama chini ya meza, akafungua kamba taratibu, akaikanyaga sakafu kwa nyayo tupu. Bwana DC mmoja mgeni alimwuliza kama miguu ilikuwa ikimuuma. Akajibu, "Hapana, bwana. Nimeingia nyumbani kwa watu."

Mimi nilikuwa tarishi wa korti hiyo ya wazee pale Kanduyi. Nilipeleka samansi kwa baiskeli, nikaita majina mlangoni, nikawatenganisha wenye kesi walipoanza kushikana mashati. Yeye ndiye aliyekuwa mkubwa wa wazee waliokaa mezani, na tangu siku za vita vya Hitla mpaka nilipohamishiwa Kitale tulikuwa pamoja karibu kila siku ya kazi. Watu walimwita Mzee wa Korti hata kanisani, hata sokoni aliponunua chumvi. Mkewe pia alimwita hivyo, ingawa kwa mkewe jina hilo lilikuwa na pilipili kidogo.

Siku za korti hakula kitu mpaka kesi ya mwisho iishe. Alisema mtu aliyeshiba husamehe upesi na kuhukumu upesi, naye hakutaka upesi. Lakini ilipofika alasiri njaa ilimfanya mkali kama siafu, na wenyeji waliojua tabia yake walinibembeleza niwaite asubuhi. Nilimwambia jambo hilo mara moja. Akacheka, akasema, "Basi waite wenye makosa asubuhi, na wasio na makosa jioni. Wasio na makosa watavumilia." Sikujua kama ni mzaha. Pengine hata yeye hakujua.

Alipenda kupatanisha. Wagombanao wakipayuka aliinua mkono na kusema, "Mlioana polepole. Gombaneni polepole." Nakumbuka mume na mke waliofika kila mmoja akitaka kuachwa, wakibishana hata nani aliyeudhika kwanza. Aliwasikiliza mpaka wakachoka, kisha akawaambia waende nje wakangoje. Wakakaa, huyu upande huu wa uwanja, yule upande ule. Mvua ikaja kwa ghafla kama inavyokuja kwetu, na mwanamke ndiye aliyekuwa na mwavuli. Tulichungulia dirishani. Alistahimili kidogo, akimtazama mumewe analowana, halafu akanyanyuka akaenda kumfunika. Mzee wa Korti akachukua kesi inayofuata. Wale wawili tulipowatafuta baadaye walikuwa wameshaenda zao.

Kwa mambo kama hayo watu walimpenda, na ni kweli alistahili kupendwa. Nasema hivyo mapema, kwa sababu ninayotaka kueleza ni mengine.

Siku zile wanawake wengi walikuwa wakitoroka waume zao na kwenda Kitale. Kule kulikuwa na mashamba ya Wazungu, kazi ya kuchuma pareto, kazi ya kufua, na vyumba vya kupanga huko Kibomet ambako hakuna aliyekuuliza mumeo ni nani. Kitale nako kulikuwa na korti ya Waafrika, ndogo, na mwanamke aliyepata ujasiri aliweza kufungua kesi ya kuomba aachwe. Hapo mume aliyebaki nyumbani alifunga safari mpaka Kanduyi kwa Mzee wa Korti, akaomba kesi ihamishwe, ije isikilizwe kwetu. Ruhusa ya mwisho ilikuwa ya Bwana DC, lakini DC alifuata neno la Mzee.

Na neno la Mzee lilikuwa moja siku zote: ije. Alisema ndoa husikilizwa palipofungwa ng'ombe wa mahari. Wazee walioshuhudia mahari wako hapa, wazazi wako hapa, mila iko hapa. Kitale kuna nini zaidi ya mahindi ya Mzungu? "Tawi likiangukia kwa jirani," alisema, "hatuhamishi shina." Wanaume ukumbini waliguna kwa kuridhika. Alilipenda neno hilo. Nilimwona mara nyingine akiligeuzageuza mdomoni kabla ya kulisema, kama mtu anayenyonya muwa.

Nasimiyu alikuja kwa miguu kutoka Kitale ili kumwomba kesi yake isihamishwe. Alikuwa mwanamke mwembamba, kijana bado, na binti yake mdogo alikuwa amemshika sketi. Mumewe alikuwa mtu wa upande wa Cheptais, mwenye mashamba mazuri ya vitunguu na jina zuri kwa watu. Nasimiyu alikuwa amemkimbia kwa sababu ya kipigo, akapanga chumba Kibomet, akawa anafulia watu nguo.

"Mzee," alisema, "mimi naomba hii kesi ikae Kitale. Shahidi yangu iko kule. Yule mama Mkikuyu, jirani yangu, ndiye aliniosha damu. Hawezi kuacha kazi ya shamba aje mpaka huku. Na mimi nikikuja, nitalala wapi?"

"Una kwenu," Mzee alisema. "Utalala kwa kaka yako."

"Kaka alioa na zile ng'ombe za mahari yangu, Mzee. Mimi nikiachwa, ng'ombe inarudi. Si atanirudisha kwa huyu mtu kabla hata ya kesi?"

Mume alikuwa amesimama pembeni, kofia mkononi, ametulia kabisa. "Mzee, mimi sina neno," alisema. "Mimi nataka tu tusikilizwe nyumbani. Ng'ombe yangu haikuenda Kitale."

Wanaume wakaguna. Mzee wa Korti alimtazama Nasimiyu. Ilikuwa alasiri. Halafu akasema lile neno lake la tawi na shina, ukumbi ukafurahi, na kesi ikahamishwa. Nasimiyu aliinama akamfunga mtoto mgongoni. Pale mlangoni aliniomba maji. Nilimpa, akampa mtoto kwanza.

Siku ya kesi nilisimama mlangoni nikaliita jina lake mara tatu, kama ilivyo desturi. Mume alikuwepo na mashahidi wake wote, wamevaa makoti. Nasimiyu hakuwepo. Wazee wakangoja kidogo, wakanong'onezana, na Mzee wa Korti akatoa hukumu: aliyedai hakufika, madai yake yametupwa, mke arudi kwa mumewe.

Alikuwa ameshavaa viatu tena, tunasikiliza kesi ya mfereji wa maji, nilipoona baiskeli ikikokotwa uwanjani. Mwenye baiskeli alikuwa muuza samaki, mtu asiyemjua hata mmoja wetu. Juu ya kibao cha nyuma alikuwa Nasimiyu. Jicho moja lilikuwa limefungana, na mkono wa kulia ulining'inia vibaya toka kwenye kiwiko. Muuza samaki alisema amemkuta kando ya barabara akitembea huku akishika ua wa watu asianguke.

Mambo yalikuwa yale yale aliyoyasema. Alilala kwa kaka yake, kaka akatuma habari kwa shemeji, na kulipokucha shemeji akaja. Alimchukua mtoto. Nasimiyu alipong'ang'ania, mkono ukavunjwa. Kisha yule mtu akaoga, akavaa koti, akaja kortini kungoja aitwe.

Nasimiyu hakulia wala hakupiga kelele. Aliingia ndani mpaka mbele ya meza akasema, "Nimefika, Mzee. Niiteni."

Mume alikuwa ameshaondoka. Mzee wa Korti aliangalia meza, akaangalia wazee wenzake, akatuambia mimi na muuza samaki, "Mpelekeni hospitali." Basi. Niliambiwa aliendelea na kesi ya mfereji, akauliza maswali yanayofaa, akatoa uamuzi ambao sikusikia mtu akiulalamikia. Jioni hakula.

Alijaribu kurekebisha, lazima niseme hivyo. Aliwasihi wazee wenzake na Bwana DC mpaka hukumu ile ikafutwa na kesi ikarudishwa Kitale. Lakini aliposimama kutangaza, alisema inarudishwa "kwa sababu za utaratibu." Nilimtazama nikingoja aseme kitu kingine, kwa sababu mwenyewe alikuwa bado amesimama na mdomo haujafungwa vizuri. Akakaa.

Korti ya Kitale ilimsikiliza yule mama Mkikuyu, ikaivunja ndoa, Nasimiyu akawa huru. Mume alitozwa faini kwa ule mkono, akailipa bila kunung'unika. Lakini mtoto hakuwepo tena Cheptais. Alikuwa amevushwa mpaka kwa shangazi za baba yake, Bugisu, ng'ambo ya mto, upande wa Uganda, na huko samansi zangu hazikuwa na nguvu zaidi ya majani ya mgomba. Mzee wa Korti aliweza kurudisha kesi. Mtoto hakuweza kumrudisha.

Tangu hapo kesi ya kuhamishwa haikupita tena kwa neno moja. Mume akija kuomba, Mzee alimwambia arudi baada ya siku kadhaa, kisha akaniambia, "Twende." Tulipanda lori la mahindi mpaka Kitale, yeye mbele na dereva, mimi juu ya magunia, tukamtafuta mwanamke mahali alipo. Tulimkuta mmoja kwenye bomba la maji, mwingine shambani amepinda mgongo. Alivua kofia akauliza, "Mama, kesi yako unataka isikilizwe wapi?" Wengine walikimbia walipotuona, wakidhani tumekuja kuwakamata. Mmoja alimjibu, "Hata sijui, Mzee. Hakuna mtu ameniuliza mbele ya leo." Alikaa naye kwenye tuta la shamba mpaka mwanamke yule akajua.

Huko nyumbani walimcheka. "Ati Mzee wa Korti ameolewa Kibomet," walisema kwenye vilabu. Waume waliokuwa wakimletea kuku wa heshima wakaacha kuleta. Hilo halikumsumbua, kuku wale alikuwa akiwagawa kwa wajane hata hivyo. Kilichomsumbua kilikuwa kingine. Kila alipokwenda upande wa Cheptais, kwenye mkutano au mazishi, alichelewa kurudi. Nilidhani ana mwanamke huko. Siku moja nilimfuata sokoni nikamwona akitembea kati ya akina mama na mabinti zao, akisimama, akiuliza majina ya watoto. Aliponiona alikasirika. "Natafuta mbegu za wimbi," alisema, na akanunua kweli mbegu za wimbi, ambazo hakuzipanda.

Msidhani alibadilika akawa malaika. Binti yake mwenyewe alikuja nyumbani siku moja na shavu limevimba, amemkimbia mumewe, na Mzee wa Korti, huyo huyo wa kuvua kofia mbele ya wafua nguo wa Kitale, akamwambia arudi alikotoka kabla jua halijatua. Nilikuwepo, nimeleta habari za kazi. Alisema hawezi kukubali watu waseme anapendelea nyumba yake. Alisema ana jina. Sauti ilikuwa ile ya korti, ya chini, ambayo hufanya watu waache kukohoa.

Mkewe alitoka jikoni akifuta mikono. Alikuwa mama mnene, mpole, na sijapata kumsikia akisema maneno mengi. Alimshika binti yake begani.

"Hii kesi nimeihamishia jikoni kwangu," alisema. "Rufaa hakuna."

Wakaingia, mlango ukafungwa. Mzee wa Korti alibaki uani na mimi. Baada ya muda akasema, "Umemsikia?" Nikasema nimesikia. Akasema, "Hata mimi nimesikia," akakaa kwenye gogo. Binti hakurudi kwa yule mume. Baba na mama hawakusemezana mpaka mavuno, na mavuno yalikuwa mbali.

Kitu ambacho sikuwahi kumsikia akisema ni kwamba alimkosea Nasimiyu. Alilizunguka jambo hilo kama ng'ombe anavyozunguka kigingi alichofungiwa. Alisema, "Ile sheria ilikuwa mbaya." Alisema, "Yule kaka alikuwa mtu wa ovyo." Kanisani walipokuwa wanaungama hadharani, kama ilivyokuwa mtindo miaka ile, alisimama mbele ya watu wote akaungama kwamba ana hasira wakati wa njaa. Watu wakasema amina. Mimi nilikuwa benchi la nyuma, nikatazama chini kwa aibu, na aibu hiyo haikuwa yangu.

Nasimiyu tulikuwa tukimwona tulipokwenda Kitale. Mkono haukupona sawa. Kufua hakuweza tena kama zamani, akawa anauza uji kwa vibarua asubuhi. Yule jirani yake Mkikuyu alichukuliwa kwa lori la serikali pamoja na jamaa zake wakati wa Hali ya Hatari, na hakurudi. Tukipita, Mzee wa Korti alivuka akapita upande wa pili wa barabara. Mwanamke yeyote mwingine alimwendea. Huyo hakuweza.

Hatimaye alistaafu, na macho yakaanza kumwacha. Mimi nikahamishiwa korti ya Kitale, nikajenga Kibomet, na tukapotezana kwa muda. Najua leo kwamba Nasimiyu na binti yake walikuja kukutana na kuelewana, kwa taabu, kwa kununiana kwingi, na kwamba bibi huyo ameshika wajukuu. Nimeyatanguliza hayo ili msiwe na wasiwasi nao. Lakini siku ninayotaka kumalizia, hakuna hata mmoja wetu aliyejua litakalokuwa.

Ilikuwa asubuhi ya Jumamosi. Nilisikia mtu akibisha kwa fimbo, nikafungua, nikamkuta Mzee wa Korti na kondakta wa basi aliyemshika mkono. Alikuwa amekonda. Hakutaka chai. Alisema, "Nipeleke kwa yule mama," na sikumwuliza mama gani.

Nasimiyu alikuwa ameshamaliza kuuza, anasuuza sufuria nje ya chumba chake. Alipotuona alisimama, akajipangusa mkono ule mzima. Alitukaribisha ndani kwa sababu ndivyo mtu wa kwetu alivyofunzwa, akatoa kiti kwa mgeni.

"Mulembe, Mzee."

"Mulembe, mama. Unanijua?"

"Nakujua."

Mzee alikaa, fimbo katikati ya magoti. Nilitegemea azunguke, aanze na mvua na bei ya mahindi. Hakuzunguka.

"Nimempata mtoto," alisema. "Amerudi Cheptais. Anauza vitunguu sokoni, ni msichana mkubwa. Nilimwuliza jina lake na jina la baba. Nilimwuliza juu ya mama. Alisema aliambiwa mama yake alikufa. Nikamwambia hakufa. Alikasirika, akaniambia niondoke mbele ya vitu vyake."

Nasimiyu hakusogea. Nje mtoto wa jirani alikuwa akigonga kopo, na nilitamani aache.

"Anafanana aje?" Nasimiyu akauliza.

Mzee wa Korti aligeuza uso huku na huku, kama mtu anayetafuta dirisha.

"Macho yangu imeisha, mama. Nilisimama mbele yake, lakini uso sikuuona. Sijui kama ana sura yako au ya baba yake." Akaigeuzageuza fimbo. "Lakini anaongea kama wewe. Anaanza chini chini, halafu anakaa kidogo katikati ya maneno, kama anangoja mtu amkatize. Halafu anamaliza yote. Ni wewe kabisa, ile siku ulisimama mbele yangu ukaniomba. Nilimsikia tu nikajua."

Nasimiyu alimtazama muda mrefu. Sikuona chuki usoni pake, na ingekuwa afadhali ningeiona.

"Kumbe ulinisikia," alisema.

"Nilikusikia."

"Yote?"

"Yote, mama. Nilijua unasema kweli."

Mwanamke akaniuliza mimi, si yeye, basi la Kimilili linaondoka saa ngapi, na kutoka Kimilili mpaka Cheptais anapanda nini. Nilimweleza. Alichukua kitambaa akajifunga kichwani kwa mkono mmoja na meno, akavaa koti, akafunga dirisha.

"Tokeni nifunge mlango," alisema.

Nilimshika Mzee wa Korti kiwiko, tukatoka. Alinyosha mkono wake wa kuume mbele, hewani, apewe mkono wa kwaheri. Nasimiyu alikuwa anageuza ufunguo. Aliuona ule mkono. Nina hakika aliuona. Akapita kando yake, akashika njia ya stesheni ya basi kwa haraka, bila kugeuka nyuma, na Mzee akabaki ameunyosha vile vile.

"Ameshaenda, Mzee," nilimwambia.

"Najua," akasema. Lakini hakuushusha.